Gemu zinapogoma kufunguka: Fundi wa Himo anatibu ugonjwa usiokuwapo

Na Mwandishi Wetu, Himo

NJIA Panda ya Himo ndipo magari yatokayo Dar es Salaam yanapogawana. Mengine huendelea Moshi na Arusha, mengine hukata kulia kuingia Himo mjini, kisha kupanda Marangu na Rombo au kwenda Holili, mpakani na Kenya. Mji uliokulia kwenye makutano kama hayo huishi kwa kuuza na kununua, na miongoni mwa bidhaa zinazoingia sasa ni kompyuta zilizokwisha kutumika maofisini, nyingi zikiwa zimetoka ng'ambo.

Kijana anayejichanga hadi akanunua mojawapo huwa na shabaha mbili. Ya kwanza humweleza mzazi, nayo ni masomo. Ya pili huijua mwenyewe: gemu za mtandaoni. Na hapo ndipo taabu inapoanzia, kwa kuwa baada ya kumaliza kifurushi cha intaneti kupakua gemu, anapobofya ili icheze, hutokea dirisha dogo lenye namba na maneno machache ya Kiingereza. Gemu haifunguki.

Dawa inayotolewa na mafundi wengi wa vibandani ni moja tu, "kupiga Windows" upya. Diski hufutwa, picha na kazi za shule hupotea kama hazikuhifadhiwa kwingine, fundi hulipwa, na gemu hupakuliwa tena kuanzia mwanzo. Kwa gemu kama Counter-Strike 2, ambayo watengenezaji wake wanataka nafasi ya GB 85 kwenye diski, gharama ya kifurushi peke yake inaweza kuzidi ujira wa fundi. Mara nyingi, baada ya yote hayo, dirisha lile lile hurudi.

Linarudi kwa sababu halikusomwa. Ujumbe unaotaja faili kama VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll hausemi kwamba Windows imeharibika. Unasema kuna kifurushi cha Microsoft kiitwacho Visual C++ ambacho gemu inakitegemea na hakimo ndani ya kompyuta. Kinatolewa bure na Microsoft yenyewe, na kukiweka ni kazi ya dakika chache. Ujumbe unaotaja d3dx9_43.dll nao unadai sehemu za zamani za DirectX, ambazo Windows mpya haziji nazo. Namba 0xc000007b kwa kawaida huonyesha kwamba faili za mfumo wa biti 32 zimechanganyika na za biti 64.

Hatari kubwa zaidi iko kwa anayejitibu mwenyewe. Hutafuta jina la faili iliyokosekana, akaangukia tovuti zinazogawa faili moja moja, akapakua asichokijua. Wapo pia wanaoelekezwa wazime antivairasi ili gemu ya wizi ifunguke. Kompyuta hiyo hiyo ndiyo anayofungulia barua pepe na WhatsApp, na pengine ndugu zake pia huitumia.

Ipo kasoro nyingine ndogo ambayo mafundi wengi huipita bila kuitazama. Ndani ya kila kompyuta ya mezani mna betri bapa yenye umbo la sarafu, aina ya CR2032, inayotunza saa na tarehe mashine inapokuwa imezimwa. Katika mashine iliyokaa miaka ofisini kabla ya kuuzwa, betri hiyo mara nyingi imekwisha kufa. Umeme ukikatika, tarehe hurudi nyuma miaka kadhaa. Gemu inapojaribu kuzungumza na seva, seva hutoa hati yake ya utambulisho; kompyuta, ikiamini kwamba bado iko miaka ya nyuma, huiona hati hiyo kuwa haijaanza kutumika na hukataa kuunganishwa. Mchezaji huambiwa mtandao umeshindikana. Hulaumu kampuni ya simu, hununua laini nyingine, hununua kifurushi kingine, kumbe ugonjwa uko pembeni ya skrini, penye tarehe. Betri ikibadilishwa na saa ikirekebishwa, gemu hufunguka.

Hata pale faili za gemu yenyewe zinapokuwa zimeharibika, kuifuta yote si lazima. Steam, duka linalotumiwa na wachezaji wengi wa kompyuta, lina sehemu ya kuhakiki faili za gemu. Hukagua zilizopo na kupakua zile tu zenye kasoro. Badala ya makumi ya GB, mara nyingi huwa ni sehemu ndogo tu.

Si kila ujumbe wa mtandao unatokana na mashine, bila shaka. Mei 12, 2024, nyaya za baharini za EASSy na Seacom zilipokatika, intaneti ilizorota Tanzania na nchi jirani, na hakuna fundi wa Himo ambaye angeweza kufanya lolote. Ndivyo ilivyokuwa pia Oktoba 29, 2025, siku ya Uchaguzi Mkuu, intaneti ilipozimwa nchini kwa siku kadhaa.

Lakini kasoro zinazoongezeka kwa kasi ni za aina ya tatu, nazo hazitokani na kuharibika kwa kitu chochote. Zinatokana na maamuzi. Januari 1, 2024, Steam iliacha kuzihudumia Windows 7, 8 na 8.1. Oktoba 14, 2025, Microsoft ilisitisha huduma ya kawaida kwa Windows 10. Windows 11, iliyotoka Oktoba 2021, inadai chipu ya usalama iitwayo TPM 2.0 na, kwa prosesa za Intel, kwa ujumla kizazi cha nane kilichoanza 2017 au vilivyofuata. Mashine ya ofisini yenye prosesa ya kizazi cha nne, ya mwaka 2013, inaweza kuwa nzima kabisa, feni inazunguka na kioo kinang'aa, na bado ikawa nje ya orodha.

Mafundi wamejua njia ya kulikwepa sharti hilo na kuiweka Windows 11 kwa nguvu. Mteja huondoka na furaha. Furaha hiyo hukoma anapofungua Valorant, kwani ulinzi wake dhidi ya udanganyifu, Vanguard, hukagua TPM 2.0 na Secure Boot kwenye Windows 11, na usipovikuta hutoa namba VAN9001 au VAN9003. Fundi aliyesifiwa wiki iliyopita kwa kuleta Windows mpya ndiye aliyeifunga gemu. Battlefield 6, iliyotoka Oktoba 2025, nayo inadai Secure Boot.

Hapa fundi makini bado ana kazi ya kufanya. Mashine kadhaa zina TPM 2.0 iliyozimwa tu ndani ya mipangilio ya BIOS. Nyingine zinashindwa kuwasha Secure Boot kwa sababu diski iligawanywa kwa mtindo wa zamani wa MBR, ambao mafundi wengi wanaendelea nao kwa mazoea. Windows 10 tangu toleo la 1703 la mwaka 2017 inakuja na zana ya MBR2GPT, inayobadili mtindo huo bila kufuta kitu, ingawa nakala ya kazi muhimu lazima iwekwe pembeni kwanza na BIOS ibadilishwe baada ya diski, si kabla. Kwa mashine isiyo na chipu hiyo kabisa, jibu la kweli ni kwamba gemu ile haitacheza, na mteja anastahili kuambiwa hivyo kabla hajatoa pesa.

Aliyeinunua gemu kihalali kwenye Steam anaweza kuomba fedha zake ndani ya siku 14, mradi hajaicheza zaidi ya saa mbili. Tahadhari ni kwamba saa huhesabiwa tangu programu ya gemu inapowaka, hata kama kinachoonekana kwenye kioo ni dirisha la kasoro tu. Anayeliacha wazi usiku kucha akimsubiri fundi afike asubuhi huamka haki hiyo ikiwa imekwisha kumpita.