Adabu ya Mlango na Simu ya Mtoto

Wazazi wanaouliza kuhusu watoto na vyombo vya burudani aghalabu hutaka jibu la neno moja: vinafaa au havifai? Jibu hilo halipatikani, kwa kuwa mtoto anayeuliziwa si mmoja. Wa miaka mitatu anataka katuni ile ile mara kumi kwa siku. Wa miaka tisa anatoroka kwenda kwenye kibanda cha video. Wa miaka kumi na mitano amejifunika shuka usiku na simu mkononi. Huenda akawa ni mwanao yule yule, ila miaka imepita.

Sheria yetu imeizingatia tofauti hiyo. Katika Surat An-Nur, aya ya 58 na ya 59, Mwenyezi Mungu (S.W.) ameweka adabu ya mlango. Watoto ambao hawajabaleghe wametakiwa waombe ruhusa ya kuingia katika nyakati tatu: kabla ya Sala ya Alfajiri, wakati wa adhuhuri watu wanapovua nguo kupumzika, na baada ya Sala ya Isha. Wakishabaleghe, huomba ruhusa kila wakati. Uangalie mpangilio huo, ewe mzazi. Mtoto hakuachwa ovyo hadi balehe ndipo abanwe. Alizoezwa mapema, kwa kiasi anachokiweza, ili balehe imkute ana adabu.

Majumbani mwetu tumeupindua. Mtoto wa mwaka mmoja na nusu akilia, hupewa simu ili anyamaze. Akifika miaka 14, baba humnyang'anya simu hiyo kwa fimbo na matusi. Ilhali Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2019, lilishauri mtoto wa chini ya miaka miwili asikalishwe mbele ya skrini, na wa miaka 2 hadi 4 asizidishe saa moja kwa siku. Ukali tunaoutumia kwa kijana tulipaswa kuutumia, kwa upole, kwa mtoto mchanga.

Simo miongoni mwa wanaosema televisheni zivunjwe. Bibi Aisha (R.A.) alikuwa na vibandia vyake nyumbani kwa Mtume (S.A.W.), na Wahabeshi walipocheza na mikuki yao msikitini, Mtume alisimama akimsitiri kwa shuka yake hadi yeye mwenyewe akatosheka kutazama. Zingatia kwamba alisimama naye. Vipindi kama Ubongo Kids, vinavyotengenezwa Dar es Salaam tangu mwaka 2014, humfunza mtoto hisabati na sayansi kwa Kiswahili fasaha. Lakini ni baba wangapi huketi japo robo saa wakatazama pamoja na mtoto?

Kisha mtoto akifika miaka 11 au 12 husema hayo ni mambo ya watoto wadogo, na ni kweli. Hapo sisi hatuna cha kumpa, naye hujitafutia. Mitandao kama TikTok na Instagram yenyewe imeweka sharti kwamba mwenye akaunti asipungue miaka 13. Mtoto huandika mwaka wa uongo, na pengine kaka yake au baba yake ndiye anayemwandikia. Tunamfunza uongo kwa mikono yetu, halafu tunamlalamikia mwalimu wa madrasa!

Rai yangu ni hii. Kabla ya balehe, mtoto asiwe na simu yake peke yake. Atumie ya nyumbani, sebuleni. Baada ya Isha hadi Alfajiri simu zote ziwekwe kabatini, na ya baba iwe ya kwanza. Ama kijana aliyebaleghe, wako wenzangu wanaoona mzazi ana haki ya kuipekua simu yake atakavyo. Mimi naona upekuzi wa kuvizia unaingia katika upelelezi uliokatazwa katika Surat Al-Hujurat. Wakubaliane tangu siku anayopewa simu kwamba itatazamwa, na itazamwe yeye akiwepo, baada ya mzazi kubisha hodi.