Kofia ya Taifa na Imani ya Mtu

Sisi watu wa pwani twaijua kofia kuwa ni heshima ya mvaaji. Huko Australia nako iko kofia ya kijani isiyouzwa dukani. Hupewa mcheza kriketi siku aichezeapo nchi yake kwa mara ya kwanza katika mechi za Test, zile za siku 5. Mnamo Januari 2011, uwanjani Sydney, alivishwa kijana wa miaka 24, Usman Khawaja, mzaliwa wa Islamabad, Pakistan. Akawa Mwislamu wa kwanza kuichezea Australia mechi za namna hiyo.

Wazazi wake walihamia huko naye akiwa mtoto mdogo. Mwenyewe amepata kueleza kwamba utotoni alitukanwa kwa ajili ya asili yake, hata hakuwa akiishangilia timu ya Australia. Lakini wahenga walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Khawaja alilishika jembe. Alisomea urubani akapata leseni ya kurusha ndege kabla ya ile ya kuendesha gari. Katika kriketi aliitwa, akaachwa, akaitwa tena. Tangu 2019 hakuonekana katika Test hata Januari 2022, mwenzake Travis Head aliposhikwa na korona. Basi papo hapo Sydney, dhidi ya Uingereza, akapiga mbio 137, kisha 101 bila kutolewa.

Siku chache baadaye, mjini Hobart, timu ilikuwa jukwaani ikishangilia ushindi, na desturi yao ni kurushiana shampeni. Khawaja akajitenga, kwani pombe kwake ni haramu. Nahodha Pat Cummins alipomwona amesimama kando, akawaambia wenzake waweke chupa chini, akamwita apande. Hakuna kanuni iliyomlazimisha nahodha yule, wala furaha ya watu haikupungua hata chembe.

Machi mwaka huohuo Australia ilizuru Pakistan kwa mara ya kwanza tangu 1998. Waliodhani moyo wake utagawanyika walijionea: mbio 97 Rawalpindi, 160 Karachi, na 104 Lahore bila kutolewa. Akatoka mchezaji bora wa mechi zote tatu, mbele ya watu wa nchi aliyozaliwa, ilhali akiitumikia nchi iliyomlea.

Desemba 2023 alitaka kuvaa viatu vilivyoandikwa kwamba uhuru ni haki ya binadamu na kwamba maisha ya watu wote ni sawa, akiwakumbuka wanaouawa Gaza. Baraza la Kimataifa la Kriketi likamkataza. Akayafunika maneno kwa utepe, akaingia uwanjani na kitambaa cheusi mkononi, akaonywa kwa hicho nacho. Hata hivyo, Baraza lilelile lilimtaja kuwa mchezaji bora wa Test wa mwaka 2023. Alistaafu Januari 2026, kwenye uwanja uleule wa Sydney alikoanzia.

Wako wasemao kwamba kisa hiki chaonyesha ukarimu wa Australia. Mimi nakubali nusu. Nusu ya pili yanitia wasiwasi, kwani aliyepiga mbio 137 ni rahisi kuwekewa chupa chini. Je, yule mhamiaji muuza duka, au mfagiaji, ambaye hakuna ampigiaye makofi, naye ataonekana akisimama kando? Khawaja mwenyewe yaelekea aliliona jambo hili, maana ameanzisha wakfu wa kuwasaidia watoto wa wahamiaji na wakimbizi.

Huku kwetu hakuna mtaa usiokuwa na ukoo ulioletwa na jahazi, na leo vijana wetu nao wamesambaa Ghuba, Ulaya na Marekani. Kwa hivyo swali hili latugusa pande zote mbili. Kwa vijana wetu nasema, fanyeni kazi ya watu kwa uaminifu, wala msiivue dini yenu ili mpendwe. Nasi tulio nyumbani, tukimpokea mgeni, tusingoje kwanza atuletee ushindi ndipo tumpe haki yake. Heshima ya binadamu haihesabiwi kwa mbio.