RAMANI YA KUBUNI SI UONGO

Nina donge rohoni na leo nataka kulitema.

Muhula uliopita, katika somo la Jiografia, tuliambiwa tuchore ramani ya kijiji chetu cha Ngomeni. Mimi nikachora tatu. Ya kwanza ilikuwa ya zamani za babu, ya pili ya leo, na ya tatu ya mwaka 2060. Wee! Darasa zima liliangua kicheko. Mwenzangu wa dawati akasema, "Hiyo si ramani bwana, hiyo ni hekaya. Ramani huchora kitu kilichoko." Kengele ikalia nami nikanyamaza, lakini sikukubali. Jibu langu ndilo hili.

Kwanza, nani kasema ramani huonyesha vyote vilivyoko? Tazameni Gede. Mji ule ulikuwa na msikiti mkubwa, kasri na visima, na watu waliishi humo mpaka karne ya 17. Wareno walikuwa Malindi, pua na mdomo, lakini wataalamu hushangaa kwamba maandishi yao hayautaji. Msitu ukaufunika. Mwaka 2024 UNESCO waliutia katika orodha ya urithi wa dunia. Mji ulikuwako siku zote. Aliyekosekana ni mtu wa kuuchora. Hata hapa kwetu, mwaka 2013 wataalamu wa mambo ya kale walipata baharini mabaki ya jahazi la Wareno, lenye shaba na pembe za ndovu. Je, katika ramani ya ukutani darasani jahazi hilo liko? Wapi! Pana rangi ya samawati tu.

Na msidhani wachoraji wakubwa hawakubuni. Mwaka 1154 Al-Idrisi, akiwa Sisilia, aliitaja Malindi katika kazi yake ya ramani ya dunia. Hakuwahi kutia mguu pwani hii. Alitegemea vitabu na maneno ya wasafiri, na mahali asipojua alikisia. Tena kusini alikuweka juu, kaskazini chini! Mbona leo tunamheshimu?

Pili, vitu vingi vilivyopo vilianza kwa ramani ya kitu kisichokuwapo. Tukisimama ufuoni twaiona mitambo ya San Marco imesimama baharini kwa miguu yake ya chuma. Katika miaka ya sitini Waitaliano, wakiongozwa na Profesa Luigi Broglio, waliichagua Ngomeni kwa sababu iko karibu na ikweta. Huko dunia huzunguka kwa kasi zaidi, kwa hivyo roketi inayorushwa kuelekea mashariki hupata msukumo wa bure. Satelaiti ya kwanza kurushwa hapa iliruka Aprili 1967, na ya mwisho mwaka 1988. Tarehe 12 Desemba 1970, sikukuu ya Jamhuri, ilirushwa satelaiti iliyopewa jina la Uhuru, ya kwanza duniani kutengwa kwa kuchunguza eksirei zitokazo kwenye nyota. Kabla ya chuma kuletwa, palikuwa na karatasi na penseli. Hao hakuna aliyewacheka.

Hapa ndipo penye donge langu. Kesho yetu inachorwa, ila wachoraji si sisi. Bandari ya Lamu nayo ilianza kwenye karatasi, na gati la kwanza likafunguliwa mwaka 2021. Wavuvi wa huko walilazimika kwenda mahakamani. Mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi ikaona kwamba haki zao zilikiukwa, ikaamuru walipwe shilingi bilioni 1.76. Lau wangekalishwa kwenye meza ya kuchora tangu mwanzo, wangehitaji kesi?

Kwetu pia nimeshuhudia. Siku moja waliletwa watu barazani na ramani kubwa ya mradi, ina rangi za kupendeza. Bibi mmoja akasogea, akainama, akauliza, "Mwanangu, kisima chetu ki wapi hapa?" Kikatafutwa. Hakikuwako. Kisima tunachoteka kila siku! Watu walicheka siku ile, lakini mimi niliogopa. Kisichokuwa kwenye karatasi ni rahisi kufukiwa.

Atakuja mtu aseme, "Ramani ya kubuni yaweza kudanganya." Ni kweli, sibishi. Hata ya kupimwa yadanganya, kisima ni shahidi. Dawa ni mchoraji kusema wazi lipi alilipima, lipi aliambiwa na wazee, na lipi ni tamaa yake au hofu yake. Na kosa langu la darasani nalikiri: nilichora kesho moja tu, ile nzuri. Ilifaa nichore mbili. Katika moja mikoko imeachwa, kaa na kamba wanazaliana, na upepo wa kusi ukija mawimbi yanavunjikia mizizini. Katika nyingine mikoko imekatwa yote, na maji ya bamvua yanaingia mpaka chuoni. Mwaka 2060 nitakuwa mtu mzima wa miaka hamsini hivi. Nitaishi katika mojawapo ya ramani hizo, nipende nisipende.

Basi naomba chama chetu cha Kiswahili kifanye jambo. Likizo ijayo kila mwanachama akae na mzee mmoja. Babu yangu huchora miamba yote ya kuvulia kwa kijiti mchangani, kila mmoja kwa jina lake, kisha maji yakijaa yanafuta. Tuyaandike majina hayo kabla hayajafutika kabisa. Kisha tuchore jana, leo na kesho mbili, tubandike ukutani, na siku ya baraza tuzibebe.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Na kijiji je?

Naweka kalamu chini. Mwenzangu wa dawati, kama bado wacheka, njoo nikuonyeshe nyumba yenu nimeichora wapi.