Bruce Lee wa Wakaliga

Jioni moja sokoni Tongaren niliwakuta watoto wakirushiana mateke kando ya magunia ya mahindi. Kila mmoja alitaka kuwa Bruce Lee. Hakuna aliyetaka kupigwa, kwa hivyo mchezo haukusonga mbele.

Nikawauliza kama wamepata kumsikia Bruce U. Hawakumjua. Na wala huyu si wa Hong Kong. Ukivuka mpaka pale Lwakhakha au Malaba, unafika kwake siku hiyo hiyo.

Jina lake hasa ni Bruno Ssali, mwalimu wa kung fu katika kitongoji cha Wakaliga, Kampala. Hapo ndipo Isaac Nabwana, aliyekuwa mfyatua matofali, alipoanzisha kampuni ya filamu mwaka 2005. Utotoni Nabwana hakwenda kutazama sinema. Kaka zake walikwenda, nao wakirudi walimsimulia na kumwigizia ngumi zote.

Mwaka 2010 akatoa Who Killed Captain Alex? Ssali ndiye ndugu wa marehemu kapteni, bingwa anayekuja kulipiza kisasi. Bunduki ziliundwa kwa vyuma chakavu na helikopta zikatoka kwenye kompyuta. Gharama yote, inasemekana, haikufika dola 200.

“Alilipwa pesa ngapi?” akauliza mmoja. Swali la mtu mzima hilo! Nikamweleza kwamba mshahara haukuwapo. Wachezaji walibeba diski na kuziuza nyumba kwa nyumba, kila mmoja akibaki na nusu ya alichouza, tena wakikimbizana na wezi wa nakala. Leo unapigana na majambazi kwenye filamu, kesho unabisha hodi kwa jirani.

Filamu yenyewe iliponea chupuchupu. Kompyuta ilijaa, Nabwana akaifuta ili apate nafasi ya kutengeneza nyingine. Kilichosalia ni nakala yenye sauti ya VJ Emmie, anayepiga domo mwanzo hadi mwisho kama afanyavyo DJ Afro kwetu. Hiyo ndiyo iliyotazamwa na mamilioni kwenye intaneti.

Mdogo wao alikuwa kimya muda wote. Mwishowe akaniuliza, “Mzee, na kamera alishika nani?”

“Nabwana mwenyewe.”

Akaokota kisanduku cha kiberiti, akakielekeza kwa wenzake na kuwaamuru waanze upya.