Barua ya wazi kwa TARURA: tuachieni chemba kabla ya lami

Ndugu Mtendaji Mkuu wa Wakala wa Barabara za Vijijini na Mijini (TARURA),

Nakuandikia nikiwa fundi wa mkongo wa mawasiliano, mmoja wa wale wanaofika barabarani ninyi mkishaondoka. Lami imekauka, mistari imechorwa, kiongozi amekata utepe. Ndipo tunakuja sisi na sululu, kibali mkononi, tunakata. Wakazi hututukana, na sioni sababu ya kuwalaumu.

Ombi langu ni moja. Kila barabara mpya ya mjini, bomba tupu la kupitishia kebo na chemba zake, yaani mashimo yenye mfuniko ya kuifikia kebo, viingizwe kwenye mkataba wa ujenzi, vipimwe na kulipiwa kama unavyolipiwa mfereji wa maji ya mvua. Natilia mkazo chemba, kwa kuwa bomba halisahauliki sana. Chemba ndiyo inayoachwa, au inajengwa pasipostahili.

Ukimtajia mjenzi wa barabara habari za mkongo, mara nyingi huwaza bomba tu: plastiki ya milimita 40, ifukiwe kama mita moja chini, utepe wa onyo uwekwe juu yake, kazi imekwisha. Lakini kebo haijiingizi. Inavutwa kwa kamba kutoka chemba hadi chemba, kama unavyopenyeza kamba kwenye kiuno cha kaptula, na penye mkunjo kamba hugoma. Hesabu ya mkunjo huo haina huruma. Chukua msuguano wa 0.25 kati ya kebo na bomba. Kebo inayovutwa kwa nguvu ya kilo 100 ikifika kwenye kona ya nyuzi 90, ng'ambo ya kona itahitaji karibu kilo 150. Kona ya pili, kama 220. Ya tatu, 325. Kebo nyingi za nje zimetengenezwa zihimili mvuto wa takriban kilo 270 tu. Maana yake kona ya tatu tayari imeiharibu, na uharibifu huo hauonekani kwa macho: ganda ni zima, nyuzi za kioo ndani zimechoka, na mteja ataanza kulalamika baada ya miezi.

Na hizo kona hazimo kwenye mchoro. Kwenye mchoro bomba limenyooka. Zinazaliwa siku ya kuchimba, msimamizi akiwa hayupo, kibarua anapokwepa kalvati, kisha bomba la maji, kisha mzizi wa mwembe. Dawa yake ni chemba papo hapo penye kona kali, kebo itolewe, ivutwe upya kuanzia sifuri. Wapo wanaosukuma kebo kwa upepo wa kompresa badala ya kuivuta, nao hufika mbali zaidi, ila bomba lililobonyea au kujaa mchanga linawakwamisha vilevile.

Ukubwa nao si jambo la kubahatisha. Kebo ikiwa inavutwa haitakiwi kukunjwa kwa nusu kipenyo kilicho chini ya mara 20 ya unene wake. Ikishatulia, mara 10. Kebo ya milimita 12, basi, ikivutwa inadai mzunguko wa karibu nusu mita upana. Humo humo kwenye chemba tunahitaji kuacha mita kadhaa za akiba, kwa sababu nyuzi hatuziungi shimoni. Tunazipandisha juu, kwenye hema au gari lisilo na vumbi, tunaunga kioo chenye unene wa mikromita 125, kisha tunazirudisha chini. Chemba nyembamba ya sentimita 30 haifai hata kwa panya, ingawa panya wenyewe hawalalamiki, wanatafuna.

Mifuniko mnaijua kuliko mimi. Ya chuma inaishia kwa wanunuzi wa chuma chakavu, na shimo linabaki wazi kumsubiri mtoto wa shule. Ya zege nzito inafaa zaidi, mradi ipangwe kwa mzigo utakaopita juu yake: kwa viwango vya Ulaya, njia ya waenda kwa miguu hupewa mfuniko wa kilonyutoni 125, barabara ya magari 400. Dar es Salaam kuna jingine: masika. Maji yenyewe hayaiui kebo ya kioo haraka, lakini tope likishaingia bombani, bomba hilo ni hasara. Kokoto chini ya chemba na vizibo kwenye midomo ya mabomba ni gharama ndogo sana.

Mtaani, kebo kubwa hugawanywa. Kisanduku cha mgawanyo hupokea uzi mmoja na kuhudumia nyumba 8, 16 au 32. Penye chemba jirani, waya wa kwenda nyumbani hupita ardhini. Pasipo na chemba hupanda nguzoni, ukaungana na nyingine zinazoning'inia juu ya vichwa vya watu, mpaka lori lenye shehena ndefu lipite.

Kanuni za mawasiliano za mwaka 2018 tayari zinazungumzia kushirikiana katika miundombinu. Hifadhi ya barabara mnaisimamia ninyi. Jengeni bomba moja lenye njia kadhaa, kampuni zikodishe, na kodi iende kwenye matengenezo. Kampuni zitalalamikia kodi hiyo, lakini zinajua kuwa sehemu kubwa ya gharama zao ni kuchimba na kurudishia. Kebo yenyewe ni nafuu.

La mwisho ni kumbukumbu. Nimewahi kutumwa kwenye mtaa wa mji mmoja wa mkoani, mwenye mradi simtaji, ambako mchoro ulionyesha chemba tulizozitafuta tusizione. Zilikuwa chini ya vitofali vya pevingi, zimefunikwa nadhifu. Tulivunja pevingi mpya ili kuzipata. Kwa hiyo malipo ya mwisho ya mkandarasi yasitoke kabla hajawasilisha viwianishi vya kila chemba, na kabla kamba haijapitishwa katika kila bomba mbele ya mkaguzi wenu. Kamba ikikwama siku hiyo, arekebishe yeye, mitambo yake ikiwa bado ipo.

Mkianza na barabara za awamu ya pili ya DMDP, mradi wa uendelezaji wa jiji la Dar es Salaam, ambazo bado hazijamwagwa lami, niko tayari kuja kuvuta kamba hiyo bila malipo.

Wako katika ujenzi wa Taifa,
Fundi wa mkongo, Dar es Salaam