Vipago vya Ngazi

Ndugu wanachama, wapo jamaa zetu waliovuka bahari wakafanya maskani katika bonde la Kilombero, na sisi wenye maduka haipiti siku tusipime mchele wa huko. Kwa hivyo khabari ya ardhi ya Ifakara si khabari ya watu wa mbali.

Baina ya 2016 na 2019 mpango wa serikali ulipima ardhi za vijiji katika wilaya za Kilombero, Ulanga na Malinyi, na wanavijiji wengi wakapewa hati za hakimiliki za kimila. Jambo hilo ni jema. Lakini penye daftari hapakosi makosa: jina la ndugu likaandikwa na la mjane likaachwa, au mpaka ukaingia katika jaruba la jirani.

Aliyedhulumiwa hutaka kukimbilia Mahkama Kuu, uandishi ule utenguliwe. Huko huulizwa: umekwenda kwanza ilikokuelekeza sharia? Akijibu la, yamkini atarudi mikono mitupu na gharama juu yake. Kenya wameliandika jambo hili waziwazi katika sharia yao ya 2015.

Sharia Nam. 2 ya 2002 imeweka ngazi. Chini lipo Baraza la Ardhi la Kijiji, la watu saba, watatu wao wanawake. Juu yake ni Baraza la Kata, ambalo tangu 2021 halikati hukumu bali husuluhisha. Siku 30 zikipita bila ya suluhu, shauri husikilizwa na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Asiyeridhika hapo ana siku 45 za kukata rufaa Mahkama Kuu.

Wako wasemao kuwa ngazi hii ni hila ya kumchosha mnyonge. Sisi hatusemi hivyo. Mzee wa kijiji aliuona mwembe wa mpakani ukipandwa, jaji hakuuona. Lakini ngazi iliyovunjwa vipago haipandiki. Karani anayekalia nakala ya hukumu hata siku 45 zikesha, amevunja kipago. Mahkama Kuu yaweza kuongeza muda kwa sababu njema, lakini mwenye jembe nauli ya kuufuatia ataitoa wapi? Twataka nakala zitolewe upesi.

Nanyi wenye mashauri, kumbukeni tulivyofunzwa chuoni: mwenye kudai ndiye wa kuleta ubainifu. Hifadhini kila karatasi, na andikeni tarehe mliyoipokea.