Neno la Mhariri: Nani Aliweza Kukataa?

Toleo hili linahusu mchezo na mshahara, na tunalifungua kwa habari ya Mwingereza mmoja aliyecheza kriketi bila kulipwa. George Allen, ambaye wenzake walimwita Gubby, alizaliwa Sydney mwaka 1902, akapelekwa Uingereza akiwa mtoto, akasoma Eton na Cambridge, kisha akaingia kwenye shughuli za biashara London. Kriketi aliicheza pale kazi ilipomruhusu. Mwaka 1929 timu yake ya Middlesex ilipokutana na Lancashire katika uwanja wa Lord's, alifika akiwa amechelewa kwa sababu asubuhi alikuwa kazini. Akavaa, akaingia, akawatoa wapigaji wote 10 wa Lancashire peke yake, kwa mikimbio 40 tu.

Kati ya vita viwili vya dunia, kriketi ya Uingereza iligawanyika mafungu mawili: wachezaji wa ridhaa, walioitwa waungwana, na wachezaji wa kulipwa. Walivaa jezi moja, lakini vyumba vya kubadilishia nguo vilikuwa mbalimbali, na katika viwanja vingi hata lango la kuingilia uwanjani halikuwa moja. Kwenye kadi ya mechi, herufi za mwanzo za mchezaji wa ridhaa zilitangulia jina la ukoo. Za mwenzake wa kulipwa zilikuja nyuma. Unahodha nao ulikuwa wa waungwana. Wally Hammond, mpigaji hodari kuliko karibu wote wa enzi yake, aliichezea Uingereza miaka 10 kwa malipo. Alipopata kazi katika kampuni ya matairi na kuhamia upande wa ridhaa, mwaka uleule wa 1938 akapewa unahodha. Gongo lake halikuwa limebadilika.

Mgawanyiko huo ulionekana wazi zaidi timu ya Uingereza ilipozuru Australia katika msimu wa 1932 na 1933. Nahodha wake Douglas Jardine, naye wa ridhaa, alitafuta dawa ya mpigaji wa Australia Don Bradman, aliyekuwa amewafunga Waingereza mikimbio 974 katika mfululizo mmoja wa mechi wa 1930. Mbinu yake ilikuwa hii: warushaji wenye kasi walielekeza mpira mfupi uinuke kwenye mbavu, mabega na kichwa cha mpigaji, huku wadakaji wamejazana upande wa mguu wake. Aliyebaki wima aliumia. Aliyejikinga kwa gongo alidakwa. Wakati huo hapakuwa na kofia ngumu. Januari 1933, mjini Adelaide, mpira wa Harold Larwood, mrushaji wa Uingereza, ulimpiga nahodha wa Australia, Bill Woodfull, kifuani karibu na moyo, na baadaye katika mechi hiyohiyo mwenzake Bert Oldfield akavunjika fuvu. Malalamiko ya Australia yalipelekwa London kwa simu ya maandishi, na suala likawafikia hadi viongozi wa serikali.

Allen alikuwa mrushaji wa kasi katika timu ya Jardine, na alikataa. Alimwambia Jardine wazi kuwa hatarusha mpira kwa namna ile. Jardine hakumwondoa kikosini, na Allen aliwatoa wapigaji 21 katika mfululizo huo kwa kurusha kama alivyozoea. Nawab wa Pataudi, wa ridhaa pia, alikataa kusimama kwenye ule mtego wa wadakaji, ingawa yeye aliachwa nje baada ya mechi mbili.

Msimamo wa Allen ninauheshimu kwa dhati. Lakini nakataa kuusimulia bila kumtaja Larwood, aliyecheza kwa malipo. Huyu aliingia mgodini Nottinghamshire akiwa na miaka 14, kushughulika na farasi waliokokota makaa ya mawe, na kriketi ndiyo iliyomtoa humo. Angemjibu nahodha wake kama Allen alivyomjibu, msimu uliofuata angekula nini? Allen mwenyewe hakuliona hilo. Katika barua alizowaandikia wazazi wake kutoka Australia alimlaumu Jardine vikali, na Larwood pamoja na mrushaji mwenzake Bill Voce akawabeza kuwa wachimba makaa wasio na elimu. Mtu huyohuyo aliyekuwa na dhamiri safi kuhusu mpira alishindwa kuiona njaa iliyowafunga wenzake wa chumba cha pili.

Larwood alitoa wapigaji 33. Katika mechi ya mwisho, Sydney, mguu wake uliumia vibaya, lakini Jardine hakumruhusu atoke mpaka Bradman atolewe. Waliporudi nyumbani aliombwa aandike barua ya kuomba radhi. Akakataa, kwa hoja kwamba alitii amri ya nahodha wake. Hakuichezea tena Uingereza, naye hakuwa hata na miaka 30. Allen aliiongoza timu ya taifa kwenye ziara ya Australia ya 1936 na 1937, akaja kuwa rais wa MCC, klabu yenye uwanja wa Lord's, na jukwaa moja la uwanja huo likapewa jina lake. Wote wawili walikataa. Kukataa kwa Larwood ndiko ninakokuona kukubwa zaidi, maana ndiko kulikogharimu.

Mpaka ule wa ridhaa na malipo haukubaki Lord's. Uliingia pia katika riadha na Olimpiki, na ukawafikia wanariadha wetu. Kipchoge Keino, bingwa wa Olimpiki wa 1968 na 1972, alipojiunga na mbio za kulipwa mwaka 1973, mlango wa Olimpiki ulifungwa nyuma yake. Kriketi ya Uingereza ilikuwa imeshafuta mgawanyiko wake tangu mwishoni mwa 1962.

Kwa sababu hiyo tuliwaomba waandishi wa toleo hili jambo moja: kila wanapomsifu au kumlaumu mchezaji kwa alichokubali au alichokataa, wamweleze msomaji pia nani alikuwa anamlipa, na angepoteza nini kama angejibu vingine.